Kikohozi cha Ryoba

Mwaka wa 1996 Filister alikuwa akiuza omena, dagaa wa ziwani, katika soko la Uriri, na mdomo wake haukujua kupumzika. Ryoba, muuza ng'ombe kutoka Ukuria, yeye aliitikia kwa kichwa tu. Watu walicheka: hawa wawili wataongea nini? Lakini tangu Filister afiwe na mumewe, hakuna aliyemsikiliza kama Ryoba. Wakapanga kuoana.

Kisha Ryoba akaanza kukohoa. Usiku aliloa jasho. Akakonda mpaka shati likamvaa yeye.

Fanuel, ndugu wa marehemu, akatangaza sokoni kwamba hiyo ni chira, laana ya kuvunja mwiko. Filister alikataa kurithiwa naye kama mila inavyotaka, sasa mgeni analipa. Jamani, ulimi hauna mfupa! Filister aliumia sana. Kibaya zaidi, Ryoba aliamini. Asubuhi moja Filister alimkuta akifunga mzigo arudi kwao.

"Ukienda utakufa," Filister alimwambia. "Hospitali kwanza."

Huko Migori makohozi yake yalipimwa. Muuguzi, Sista Damaris, akawaeleza.

"Hii ni kifua kikuu. Inaletwa na vijidudu, si mwiko. Mtu akikohoa wiki tatu, aje apimwe. Dawa inaponya, lakini umeze miezi minane yote. Ukiacha katikati, ugonjwa utarudi na nguvu. Funika mdomo ukikohoa, na madirisha yawe wazi."

Filister naye alipimwa. Alikuwa mzima. Harusi ikangoja dawa.

Mwezi wa tatu wa dawa Ryoba alinenepa, kikohozi kikaisha. Siku moja Filister akakuta vidonge vimefichwa ndani ya kibuyu. Moyo ukampasuka. Ryoba alisema amepona, dawa za nini tena?

Mficha maradhi, kifo humuumbua. Filister alijua methali hiyo, lakini siku hiyo hakusema neno. Aliketi mbele yake na maji na vidonge, machozi yakimtoka. Ukimya wake ulimtisha Ryoba kuliko maneno yote ya soko. Akameza. Hakuacha tena.

Sista alipomwambia amepona kabisa, wakaoana. Fanuel alikuja sokoni kuwatukana, kikohozi kikamkatiza. Watu wakamgeukia Ryoba.

"Mimi sikuwa na laana, shemeji," Ryoba alisema, polepole. "Na wewe huna. Lakini umekohoa mwezi mzima. Kesho nitakupeleka kwa Sista."

Fanuel akainama. Kesho yake walikwenda wote watatu, na njia nzima aliyeongea ni Ryoba.