Ofisi ya Bwana Nusu

Uvumi ule Chiriku aliusikia saluni, ukamganda kama kupe. Mteja mmoja alikuwa ameketi chini ya draya, ile kofia kubwa ya kukaushia nywele, na kwa sababu ya mlio wa mashine alikuwa akipiga kelele bila kujijua.

"Ati kuna bwana ana ofisi juu ya duka la viatu! Unaingia na deni zima, unatoka na nusu! Wenyewe wanamwita Bwana Nusu!"

"Na kichwa je, unatoka nacho kizima?" aliuliza Mama Saluni, mwenye saluni ile, akiendelea kumsuka mteja mwingine. Wanawake wakaangua kicheko. Kimbau, binti yake mwembamba aliyesoma darasa moja na Chiriku, alicheka mpaka akadondosha vibanio.

Chiriku peke yake hakucheka. Alikuwa anamwaza mama yake.

Jina la Chiriku alipewa na mama huyo huyo, kwa sababu mtoto alianza kuongea tangu anapofumbua macho na hakunyamaza mpaka usingizi umnyamazishe. Mama alikuwa dobi. Kila siku baada ya shule wawili hao walikunja mashuka ya nyumba ya wageni. Huyu alishika ncha mbili na yule mbili, wakavuta mpaka shuka likawa kama ubao, kisha wakakaribiana kukutanisha ncha. Kila wakikutana, Chiriku alikuwa na habari mpya.

Lakini siku hizi mashuka yalikuwa machache. Nyumba ya wageni ilifungwa ili ikarabatiwe, na yaliyobaki ni sare za shule na nguo za majirani. Mkopo wa kununulia mashine ya kufulia ulikuwa bado haujaisha kulipwa. Mama aliuchukua kupitia kikundi cha wanawake wa mtaani, ambamo kila mmoja alimdhamini mwenzake. Ikifika siku ya kulipa rejesho la wiki, mama aliamka amenuna, na hata chai aliinywa kama dawa.

"Mama," Chiriku alisema jioni ile, ncha za shuka mkononi, "kwani deni haliwezi kupunguzwa?"

"Nani apunguze? Malaika?"

Chiriku akamweleza habari za Bwana Nusu. Mama akaguna. "Maneno ya saluni hayo. Vuta shuka."

Hapo ndipo Chiriku alipofanya jambo ambalo baadaye lilimnyima raha. Alitaka tu kumwona mama yake akitabasamu.

"Siyo ya saluni, mama. Nimeona kwa macho yangu. Yule fundi baiskeli wa pale kona ana karatasi yake, imegongwa na mhuri. Nusu ya deni lake imefutwa."

Hakukuwa na karatasi wala mhuri. Fundi baiskeli mwenyewe, maskini, hakuwa amesema lolote.

"Umeiona?"

"Nimeiona, mama. Haki ya Mungu."

Mama alibaki amesimama, shuka limelegea katikati yao.

Kesho yake walipanda ngazi za juu ya duka la viatu. Bwana Nusu alikuwa na shati jeupe lililopigwa pasi vizuri, na sauti laini ya mtu anayembembeleza mgonjwa.

"Dada yangu, umechoka. Deni naliona usoni mwako. Basi sikiliza. Kuanzia leo usiwalipe tena. Lile rejesho niletee mimi, nitakutunzia. Wakipiga simu, usipokee. Wakija nyumbani, hupo. Wakishakata tamaa, mimi nitakwenda kuongea nao, watachukua nusu na kushukuru."

"Na walionidhamini?"

Bwana Nusu alicheka kidogo. "Hao ni majina tu kwenye karatasi, dada. Nani atawagusa?"

Mama akamgeukia Chiriku. Chiriku akatikisa kichwa kukubali, kana kwamba yeye ndiye karani wa ofisi ile. Mama akafungua pochi, akatoa ada ya kufungulia faili, na juu yake rejesho la wiki hiyo. Akarudi nyumbani akitembea kwa wepesi, hata akaimba kidogo. Chiriku alimfuata nyuma bila kuimba.

Haikuchukua muda afisa mikopo akaja. Alikuwa mama mfupi mwenye kofia ya pikipiki kwapani.

"Hodi hapa!"

Mama aliiacha pasi juu ya nguo, akajibanza nyuma ya nguo zilizoanikwa ndani. Akamwashiria Chiriku kwa kidole: nenda.

"Shikamoo."

"Marahaba, mwanangu. Mama yupo?"

"Hayupo."

Afisa alinusa hewa. Harufu ya kitambaa kinachoungua ilikuwa imefika mlangoni. "Haya," alisema taratibu. "Basi mwambie huyo ambaye hayupo kwamba pasi yake inaunguza nguo."

Alipoondoka, mama alitoka mafichoni ameshika sare ya shule yenye tundu la ukubwa wa pasi. Hawakuangaliana. Mama alilazimika kumnunulia mwenye sare nyingine mpya.

Wiki zikapita, na kila wiki mama alimpelekea Bwana Nusu rejesho. Simu iliita, mama akaifunika kwa mto. Afisa alikuja tena na tena, hata Mama Saluni alikuja kumuulizia mama, na Chiriku akazoea kusema "hayupo" bila hata kumeza mate. Kuzoea huko ndiko kulikomtisha.

Siku moja akitoka shule alikuta watu wamejaa mbele ya saluni. Wanaume wawili walikuwa wanalitoa draya nje. Ndani, mteja mwenye maji yakimchuruzika shingoni alikuwa anauliza nani atamkausha. Mama Saluni alisimama mlangoni na kitana mkononi.

"Deni lipi? Mimi langu nimemaliza! Nimelipa mpaka senti ya mwisho!"

"Lako umemaliza, mama," alijibu afisa mikopo, na hakuonekana kufurahia kazi yake. "Hili ni la jirani yako dobi. Wewe ndiye uliyemdhamini. Barua tulikuletea, ukasema utaongea naye."

"Nimekwenda kwake mara ngapi? Kila nikienda naambiwa hayupo!"

Kimbau alikuwa amekaa kizingitini. Alimtazama Chiriku moja kwa moja. "Nani alikuwa anamwambia mama yangu hayupo?" aliuliza. Chiriku akageuka, akashika njia ya nyumbani.

Jioni hiyo alikunja nguo kimya.

"Vipi, leo chiriku hana wimbo?" mama alitania, lakini macho yake yalikuwa mekundu. Habari za draya zilikuwa zimemfikia. Akaendelea kama anayejibembeleza mwenyewe: "Bwana Nusu alisema hawataguswa. Labda ni vitisho tu. Mbona fundi baiskeli alifanikiwa? Tusubiri kidogo. Tukisubiri, litakwisha, nami nitamnunulia mwenzangu draya jipya."

Kusikia "fundi baiskeli" kulimchoma Chiriku. Akaona kwamba mama yake ameegemea ukuta ambao yeye, Chiriku, aliujenga kwa mdomo.

"Mama, sikuiona hiyo karatasi."

"Karatasi gani?"

"Ya fundi baiskeli. Haipo. Nilisikia tu saluni. Nilisema nimeona ili uniamini."

Mama alikaa juu ya beseni lililopinduliwa. Chiriku alisubiri kofi, hata alilitamani. Kofi halikuja.

"Uliniona nataka kuamini," mama alisema mwishowe, "ukanipa cha kuamini. Umekosa, mwanangu, na umekosa sana. Lakini mimi ni mtu mzima. Ningeweza kutembea mpaka pale kona nikamuuliza fundi. Sikutaka kuuliza. Halafu nikajificha nyuma ya nguo, nikakutanguliza wewe mlangoni." Akajifuta uso kwa kanga. "Inuka. Twende kwa watu."

Mama Saluni aliwafungulia mlango bila kuwakaribisha. Chiriku alisema yote, ya karatasi na ya "hayupo", akitazama vidole vya miguu yake. Mama akapiga magoti.

"Inuka, usinichafulie sakafu," Mama Saluni alisema. "Sikutukani, jirani, kwa sababu nikianza sitajua pa kuishia. Kesho asubuhi tunakwenda wote kwa huyo afisa. Na wewe mwenye mdomo, utakuja pia."

Afisa mikopo aliwasikiliza mpaka mwisho. "Leo upo," alimwambia mama, na mama akainamisha kichwa. "Sasa nisikilize. Kupatana na mkopeshaji ulipe sehemu, deni lifungwe, kupo. Sitakudanganya. Ni njia ya mtu aliyeanguka kabisa, mgonjwa au aliyepoteza kila kitu, na ambaye ndugu zake wamemchangia fungu la kulipa kwa mkupuo. Mtu huyo anakuja hapa mwenyewe. Tukikubaliana anapewa karatasi yetu inayosema kilichobaki kimesamehewa na wadhamini wameachiwa. Na hata hivyo, akitaka kukopa tena baadaye, atapata tabu, kwa maana kumbukumbu inabaki. Wewe una fungu hilo?"

"Sina."

"Umeanguka?"

Mama alifikiri. "Nimeyumba. Kazi zipo, ila chache. Nyumba ya wageni nayo itafunguliwa."

"Basi nusu si dawa yako. Ulipoacha kulipa, deni halikulala, lilikuwa linakula faini. Ungekuja siku ile ya kwanza ulipoona mashuka yamepungua, ningekupunguzia rejesho na kukuongezea muda. Hata leo naweza. Utalipa kidogo kidogo, utalipa kwa muda mrefu, na riba itaongezeka kidogo, sikufichi. Draya hatujaliuza. Lete marejesho uliyoruka, mwenzako alichukue."

Marejesho hayo yalikuwa kwa Bwana Nusu. Wakapanda ngazi zile, safari hii wakiwa watatu.

"Ada hairudi, dada," Bwana Nusu alisema kwa sauti ile ile laini. "Na hizo nyingine bado zinafanyiwa kazi."

"Kazi gani? Umewahi kwenda kwa mkopeshaji hata mara moja?" mama aliuliza. Bwana Nusu akaanza kupanga kalamu zake.

Mama Saluni alivuta kiti, akakaa, akatoa kitana na kuanza kumsuka Chiriku pale pale. "Mimi sina haraka," alisema kwa sauti ya kusikika mpaka barabarani. "Draya langu halipo, leo saluni yangu ni hapa. Wateja wako wakiingia nitawasimulia yaliyonipata."

Wateja wawili wakachungulia mlangoni. Mmoja akauliza kuna nini. Kabla nusu ya kichwa cha Chiriku haijasukwa, Bwana Nusu alifungua droo, akarudisha marejesho yote. Ada hakurudisha, na hiyo mama aliihesabu imekwenda na maji.

Draya likarudi siku hiyo hiyo. Lakini wateja waliohamia saluni nyingine hawakurudi wote, kwa hiyo mama akasema taulo za saluni atazifua bure mpaka mwenyewe Mama Saluni atakaposema basi. Chiriku ndiye aliyezichukua na kuzirudisha. Siku ya kwanza Kimbau alizipokea bila salamu. Siku ya pili alisema, "Bado nimekukasirikia." Chiriku akajibu, "Najua," akaishia hapo.

Mama naye alikwenda na Chiriku kumwomba radhi fundi baiskeli, aliyeshangaa kusikia kwamba aliwahi kuwa na mhuri. Wakiwa njiani kurudi, mama alimshika Chiriku bega. "Deni la fedha tutalimaliza, likichelewa limechelewa. Mimi nililiogopa, nikamtafuta mtu wa kuniambia ninachotaka kusikia. Ukiwa na shida, mwanangu, nenda mapema kwa yule unayedaiwa naye, umtazame usoni, useme ukweli wako. Aibu yake ni ya siku moja."

Basi wewe unayesoma, na wewe mzazi unayesikiliza, jiepusheni na haya:

Usiache kulipa deni kwa sababu mtu wa pembeni amekuambia uache.

Usitoe ada kwa mtu anayeahidi kukupunguzia deni kabla hajafanya lolote.

Usikimbilie kulipa nusu ikiwa bado una nguvu ya kulipa lote polepole.

Usikubali kwamba deni limefutwa bila karatasi ya mkopeshaji mwenyewe.

Usimsahau aliyekudhamini. Usipolipa wewe, atalipa yeye.

Usiseme "nimeona" kama umesikia tu.

Usimtume mtoto mlangoni akaseme hupo.