Bafta ya Kafedha

Asubuhi bafta ilikuwa kavu. Alasiri Mahfoudha alipoigusa pale ukutani ilipotundikwa, ilikuwa imelowa, tena inanuka kafuri.

"Barakat, kitambaa hichi umekipata wapi?" alimwuliza mumewe polepole, wageni wasisikie.

"Dukani," alijibu, asimtazame.

Ilikuwa Idi ya mwaka 1961, Kisauni. Barakat ndiye aliyekabidhiwa ghala la sanda msikitini. Alikuwa amepata mashine ya sinema kwa mpiga picha mmoja aliyehama, pamoja na filamu moja kuukuu ya katuni isiyo na sauti. Aliwaalika majirani, akafunga madirisha, akaanza kuzungusha mkono wa mashine.

Kwenye bafta, mtu wa kuchorwa aliketi mbele ya mshumaa, akakunja vidole. Ukutani kwake kikatokea kivuli cha sungura, kisha ndege, kisha ngamia. Watu walicheka. Halafu yule mtu akaiweka mikono mapajani, na kivuli kingine kikaja chenyewe: mwanamke aliyejikumbatia kifua, kama aliyefumwa akioga.

Barakat akazima taa ya mashine. Kivuli kikabaki, cheusi kuliko giza lenyewe, na maji yakaanza kuchuruzika kwenye bafta hadi sakafuni, na harufu ya kafuri ikawakaba watu makoo, wala hakuna aliyethubutu kuuendea mlango, kwani mlango ulikuwa upande ule ule wa kivuli, nacho kilikuwa kikitetemeka kwa baridi.

"Yule ni mama," alinong'ona Mwanasaumu, mmoja wa majirani.

Mamake, Kafedha, alizikwa mwezi uliopita kwa leso mbili zilizochakaa. Barakat alikuwa amesema sanda zimekwisha.

Maalim Jamaludin, aliyekuwa miongoni mwa wageni, alisoma Ayatul Kursiyyu mara tatu. Kivuli hakikusogea.

"Ni jini, limevaa umbo la marehemu," alimwambia Barakat. "Halinisikii mimi. Lakungoja wewe. Sema."

Barakat alisema kwa sauti ya chini. Maalim akamtaka arudie, wasikie na walio nyuma.

"Sanda zilikuwako. Hii ilikuwa ya Kafedha. Niliitaka kwa sinema. Nilijua ni maskini, hawataniuliza."

Kivuli kikafifia. Mwanasaumu aliitungua bafta, akaikunja vizuri, akapita nayo mbele ya Barakat. Mahfoudha akajitanda buibui, akamfuata nje.

Kesho yake Barakat alirudisha funguo za ghala. Akitoka msikitini baada ya sala ya alasiri, alikiona kivuli chake mchangani. Mikono yake mwenyewe ilikuwa imening'inia. Ya kivuli ilikuwa imekumbatia kifua.

Aliinua mkono mmoja taratibu. Kivuli hakikuinua.