Mke wa Yule Anayekufa Kwanza

Mvua ya Kakoba, mjini Mbarara, ilimsukuma Kantengwa ndani ya kibanda cha video, mzigo wa vitenge kichwani, gauni la manjano limemganda mgongoni. Ndani joto, jasho, harufu ya karanga, na kwenye skrini Wajapani wanakatana kwa panga. Kijana mwembamba wa shati jekundu alishika maiki akitafsiri kwa Kiswahili cha Uvira, cha Kongo kabisa, ingawa Kijapani hakujua hata neno.

"Huyu hapana akteri, hapana mukubwa wa filamu. Huyu ni wa kufa tu. Muangalie... amekwisha."

Watu wakacheka. Kantengwa hakucheka. Sura ya mwigizaji yule aliijua tangu video za Kashojwa, kambini kwa wakimbizi: filamu hii kijana mbeba maji, akauawa; ile polisi, akauawa; nyingine dereva mwenye mvi, akamezwa na dude la baharini. Kazi ya maisha mazima, hakuna aliyempa jina. Na kwetu Kivu ya Kusini wangapi wamekufa hivyo hivyo, redio ikitaja wakubwa peke yao? Sisi hatujasahau.

"Weye wa maiki," alimkabili filamu ilipoisha, "juu ya nini haumupe jina? Hata bibi hana, muke wa nyumbani?"

"Mama, anakufa mbio. Bibi wa nini?"

"Amulilie."

Kijana akatabasamu. "Naitwa Nehemiya. Na miye, nani atanililia?"

"Leta namba ya simu, nitafikiri."

Simu za Nehemiya zikaanza.

"Chérie wangu, umekula?"

"Nimekula. Na weye unaongea mingi sawa pasta wa kanisa."

Mwishowe wakakubaliana: Jumapili wazee wa Nehemiya waje Kashojwa kumposa. Mama yake Kantengwa alishaazima viti kanisani. Ijumaa Kantengwa akampigia Nehemiya simu, ikapokelewa na sauti nyembamba ya mwanamke: "Mupenzi wangu, usiende. Nitabaki na nani?"

Akakata. Nehemiya alipopiga, hakupokea. Kesho yake akapanda gari la kwanza kwenda Mbarara, ampasulie usoni kwamba wazee wasije.

Kibandani filamu ilikuwa inaendelea. "Modeste wangu, usiende," sauti ile ile ililia. Kantengwa akamtafuta mwanamke gizani. Hakuwepo. Alikuwepo Nehemiya, shingo ndefu, akimlilia yule wa kufa, sasa mwenye jina, kwa sauti nyembamba, na ukumbini mmoja akijifuta macho.

Kantengwa alicheka mpaka akashika ukuta. Nehemiya akamwona, maiki ikiwa wazi.

"Kantengwa. Haukupokea simu juu ya nini?"

"Nilisikia mwanamuke."

"Huyo mwanamuke njo miye mwenyewe. Nilikuwa najifunza, simu ikajipokea mufukoni. Si ulisema apate bibi?"

"Wewe mama, kubali haraka," mzee mmoja wa Mbarara akadakia. "Sisi nataka ona sinema."

Kantengwa akamnyang'anya maiki. Kwenye skrini upanga ulikuwa juu.

"Modeste, kufa polepole, niko na maneno na huyu." Ukumbi ukalipuka kwa shangwe. "Nehemiya, kesho bazee bako bakuje. Na ile sauti usiitupe. Mutoto akilia, weye njo utamubembeleza."