Maji ya Kwenye Boksi la Samaki

Injini ilikohoa, ikatetemesha boti nzima, ikanyamaza. Wavu mbovu uliotupwa baharini ulikuwa umejisokota kwenye propela kama fundo la nywele chafu linalovutwa kutoka kwenye tundu la bafu. Ndani yake mlikuwa na kaa waliokufa na majani yaliyooza, na shombo lake lilipanda mpaka kooni.

Ndani ya boti walikuwa watatu. Binti yangu, mwanafunzi wa mwaka wa tatu kwenye kampasi ya sayansi ya bahari, ile yenye matangi ya samaki nyuma ya madarasa. Mwenzake wa darasa, kijana mrefu mwembamba wanayemwita Kijiti. Na dereva wa boti ya chuo, baba wa watoto, ambaye wanafunzi humwita Kapteni kwa utani. Mhadhiri wao alibaki ofisini. Aliwatuma wakachukue maji ya bahari ya kupima, na samaki wa kupasuliwa matumbo ili ionekane wamekula nini. Redio ya boti ilikuwa kwa fundi. Mhadhiri akasema haidhuru, hamwendi mbali. Mzazi mwenzangu, ukisikia mtu mzima anasema haidhuru kuhusu mtoto wako na bahari, mshike mtoto mkono mrudi nyumbani.

Kapteni aliinama nyuma kukata wavu kwa kisu. Wakati huo mvua na upepo vilikuwa vimeshawafikia. Wimbi liliinua boti, likaiachia kwa kishindo, na kisu kikamzama yeye mwenyewe juu ya goti.

Binti alilifunga paja kwa mtandio wake. Walijilaza chini, wameshikana, huku boti ikizungushwa kama sufuria kwenye maji ya kuoshea vyombo. Kijiti alitapika. Binti akatapika juu ya matapishi ya Kijiti. Simu zao zilizama humo humo, kwenye matapishi na mafuta ya injini na damu, mpaka zikafa.

Bahari ilipotulia, nchi kavu haikuonekana upande wowote.

"Maji," Kapteni alisema. "Nipeni maji kidogo, wanangu."

Binti alifungua chupa moja kwenye kreti la chupa walilokuja nalo, akamshikia mdomoni. Kapteni akayatema yote.

"Chumvi!"

Akafungua ya pili, akaonja. Chumvi. Ya tatu, vilevile.

"Kijiti," Binti alisema polepole, "hizi chupa umezifanyaje?"

"Nilizikuta zina maji, nikajua ni ya kusuuzia. Nikamwaga. Nikasuuza mara tatu kwa maji ya bahari kama tulivyofundishwa, ndiyo nikajaza."

"Zote?"

"Zote. Na namba nimezibandika."

Kapteni alicheka, akasitisha kicheko kwa maumivu. "Hayo uliyomwaga ndiyo yalikuwa ya kunywa. Nimeyatia mimi. Chupa za maabara zina vifuniko vizuri, hazivuji."

"Si tumekatazwa kunywea chupa za maabara, Kapteni?"

"Nimekatazwa mengi, dada'angu."

Basi wakakaa na kreti zima la chumvi, safi kabisa, lenye namba.

Jua likawaka. Siku iliyofuata likawaka zaidi. Mtandio uligandamana na kidonda, na Binti alipoubandua, usaha ulikuja nao, wa kijani, unavutika kama kamasi. Nzi waliotoka nao bandarini, wale wa boksi la samaki, walihamia kwenye paja. Ulimi wa Kapteni ulivimba. Akaanza kuongea na mkewe kana kwamba yuko pale, anamwambia afunge kuku. Kisha akanyoosha mkono kuchota maji ya bahari.

"Mshike!" Binti alipiga kelele. "Akiyanywa hayo tunampoteza!"

Wakamshika. Ndipo macho ya Binti yakatua kwenye boksi la samaki, walilolijaza barafu bandarini. Barafu ilikuwa ya maji ya bomba.

Alifungua kifuniko, akageuza uso. Barafu yote ilishayeyuka. Samaki waliowapasua kabla ya dhoruba walielea matumbo wazi, macho meupe kama usaha, na maji yenyewe yalikuwa ya rangi ya waridi iliyochakaa, mazito, yenye povu na utando wa ute juu.

"Humu mna dawa?" aliuliza. Alimaanisha formalini, dawa ya kuhifadhia samaki waliokufa, ambayo ukiinywa inakuunguza utumbo.

"Sijatia."

"Una hakika?"

"Ninayo…" Kijiti akachungulia ndani ya boksi. "Nadhani."

"Hakika yako ndiyo imetufikisha hapa, kaka."

Walinusa. Pua zao zilishakufa kwa shombo, hazikutambua chochote. Chupa ya dawa ilikuwa imechukuliwa na dhoruba. Kapteni alikuwa hasemi tena.

"Nipe mimi kwanza," Kijiti alisema. "Mimi ndiye niliyemwaga."

Alivua fulana, akachujia maji kwenye mfuniko wa chupa, akafumba macho, akanywa. Kitambo kidogo akatapika mpaka akaanguka magoti. Binti alimshika mabega.

"Inaunguza? Kijiti, inaunguza?"

Akafuta mdomo. "Haiunguzi. Ni uchafu tu." Akachota tena, akanywa, akajiziba mdomo kwa viganja viwili mpaka yakakaa.

Walimnywesha Kapteni tone kwa tone, wakimbana pua kama mtoto anayekataa dawa. Wakanywa na wao. Utumbo wa samaki ulimkwama Binti kwenye meno, akauvuta kwa kidole, akaendelea kunywa. Mwanangu huyu, nyumbani, akiona nywele kwenye chai anaimwaga.

Maji yakipwa na kujaa yakawasukuma mpaka kwenye mikoko. Walimlaza Kapteni juu ya mfuniko wa boksi wakamburuta kwenye tope jeusi linalonuka mayai viza, linawafika kiunoni, kaa wadogo wakikimbilia kidonda na wao wakiwafukuza kwa makofi na kelele. Wakata kuni walisikia kelele hizo, wakawatoa.

Mhadhiri alikuja wodini, shati limenyooshwa, leso puani kwa sababu ya harufu ya paja. Akauliza hali zao kwa haraka. Kisha akaja kwenye lake.

"Na sampuli za samaki? Ziko wapi?"

Binti yangu, ambaye zamani akiitwa ofisini kwa mhadhiri huyo alitazama sakafu, alimkazia macho.

"Tumezinywa, mwalimu."

Alidhani ni utani, akatabasamu, akamgeukia Kijiti. Kijiti hakutabasamu.

Kapteni akainua kichwa kutoka kitanda cha pembeni.

"Magamba tumekuachia," alisema.