Dagaa wa Mama Masele na Redio ya Mji

Vumilia, ambaye sokoni Katoro wanamwita Mama Masele, hakuwa na duka. Hakuwa na gari, wala ndugu mwenye cheo. Alikuwa na meza ya dagaa na jina safi. Asubuhi moja hata hilo jina likachafuka.

Redio ya mji ilitangaza kwamba dagaa wake huanikwa kwenye mchanga wa machimbo ya dhahabu, wenye zebaki. Uongo mtupu! Wake huanikwa Nkome, ufukweni mwa ziwa, juu ya chanja.

"Mama Masele, hawa wanaong'aa ni dagaa au dhahabu?" mteja mmoja alimtania. Watu wakacheka, wakapita. Hakuna aliyenunua.

Shemeji wa Vumilia, Makoye, mnunuzi wa dhahabu, akaja juu. "Shemeji, andikia serikali. Redio ifungwe leo leo!"

Jirani yao Rhoda, msaidizi wa kisheria, akamkatiza. "Taratibu, Makoye. Serikali huipa redio leseni na masharti. Redio ichunguze, isikilize pande zote, ikikosea isahihishe. Si kazi ya serikali kuifunga mdomo kila mtu anapokasirika."

"Na mimi nile nini?" Vumilia aliuliza.

"Nenda kwao kwanza. Kusahihishiwa habari ni haki yako. Wakikataa, tutalalamika kwa mamlaka ya utangazaji. Nao wataitwa wajieleze. Usiporidhika, mahakama ipo."

"Redio yenyewe umbea tu," Makoye aliguna.

"Umbea? Kisima chetu kilipoingiwa na zebaki, nani alitangaza? Nyie wa dhahabu?" Rhoda alimuuliza.



Redioni, Vumilia na Rhoda walipokewa na mhariri, Klara. "Shikamoo, mama."

"Marahaba. Mbona hamkuniuliza?"

Klara akainama. "Mwandishi aliona magunia yako yakishushwa karibu na karasha, pale wanaposaga mawe ya dhahabu. Akakisia. Tumekukosea."

Kesho yake, saa ileile, redio ilisahihisha na kuomba radhi. Kabla ya adhuhuri wanawake walikuwa wamejaa mezani na bakuli zao.

"Sasa tuandike wafungiwe," Makoye alisema.

"Wafungiwe, halafu kisima kikiharibika tena nitaambiwa na nani? Na wewe?" Vumilia alimjibu.

Vumilia akachukua kalamu mwenyewe, akaiandikia mamlaka polepole: "Redio ilinikosea. Nimeiambia, imejisahihisha. Iacheni iseme. Ila ikumbusheni kuuliza kwanza."

Akalamba gundi ya bahasha, akaibana kwa kiganja, akampa kondakta wa basi la Geita aipeleke posta.