Mbuzi wa Nta

"Munyao, mbona mikono yako ni baridi hivi?"

Angejibu vipi na yeye ni sanamu ya nta? Usiku ule Mbithe alijikuta peke yake ndani ya jumba la makumbusho, sanamu zimejipanga ukutani, na zote alizijua, hata mama wa chapati wa pale geti la viwanda vya EPZ. Miguuni pa Munyao kulikuwa na mbuzi wa nta, kamba shingoni.

"Hao ni mbuzi wa ntheo?" akauliza, moyo ukimdunda kwa furaha.

Miaka yote aliyokaa na Munyao Athi River alingoja hao tu. Kwa Wakamba, kama mbuzi wa ntheo hawajafika kwenu, wewe si mke wa mtu, hata umpikie mpaka uzeeke.

Sanamu ya mama yake Mbithe ikafungua mdomo.

"Usiwaguse. Si wako."

Akawagusa. Wakaanza kuyeyuka, na Munyao naye, akianzia machoni.

Aliamka analia. Kumbe kumekucha. Munyao alikuwa ameenda kwao Masinga kumuuguza mama yake, au ndivyo alivyoaga. Akampigia.

"Babe, nimeota vibaya. Mum anaendelea aje?"

"Ako sawa. Tuko hospitali, wacha nikupigie baadaye."

Meee! Mbuzi akalia. Akaitikiwa na mwenzake.

"Munyao, ni hospitali gani iko na mbuzi?"

Nyuma ya Munyao vigelegele vikapanda, na mzee mmoja akaita:

"Bwana harusi, leta mbuzi! Baba Ndinda anangoja!"

"Ndinda ni nani?" Mbithe akauliza.

"Mbithe, ni mum alimchagua. Ningekuambia."

"Na mimi ni nani?"

"Wewe utanielewa. Wewe si mtu wa maneno mingi."

Mbithe alikata simu. Akaketi sakafuni. Ujumbe ukaingia: "Usitoke kwa nyumba. Bado nakupenda." Akaufuta, akampigia mama yake kule Tala.

"Mwaitu, nakuja nyumbani."

"Karibu mwanangu. Unakuja na bwana yako?"

"Sina bwana, mwaitu. Sijawahi kuwa na bwana."

Mama akamwambia:

"Kuja tu. Na usimwachie hata sufuria."

Hapo ndipo Mbithe alipolia kilio chenyewe.