Firigisi ya Mwenye Nyumba

Maurice Otula alikuwa amelala chini ya meza ya dirishani, kitambaa cha kupangusia kikiwa bado begani. Alikuwa meneja wa Hoteli ya Pambazuka, Migori, lakini meza zote alizipangusa mwenyewe kila asubuhi. Povu lilikuwa limekauka kwenye pembe za mdomo wake.

Inspekta Nyamhanga alipiga magoti kando ya maiti, akanusa.

"Njoo unuse," alimwambia Koplo Mirumbe.

"Muhogo mbichi, afande. Ule mchungu."

"Wamekula muhogo hapa?"

"Hapana. Ugali na kuku."

Juu ya meza kulikuwa na sahani mbili, bakuli kubwa la kuku na kibakuli kimoja kitupu. Inspekta alivifunga vyote kwa karatasi, akakibeba kile kibakuli yeye mwenyewe.

Mtu aliyekula na marehemu alikuwa hai, mzima wa afya, ameketi kwenye benchi. Huyo alikuwa Walter Nyangweso, mwenye hoteli zote za Pambazuka. Alianza na kibanda kimoja Homa Bay, karibu na gati. Mwaka huo wa 1966 hoteli zake zilikuwa zimesambaa katika nchi nzima ya ziwa, zote zimepakwa rangi moja ya buluu. Samaki wa matawi yote walitoka Homa Bay kwa lori lake, na mandazi yalikatwa kwa mikebe ya kipimo kimoja. Alitembelea matawi bila kutoa habari. Kwa hiyo kila tawi lilifuga kuku wa kumchinjia mgeni huyo mmoja.

"Mlikula chungu kimoja?" Inspekta aliuliza.

"Kimoja, bwana."

"Kila kitu?"

Walter alifuta jasho. "Isipokuwa firigisi. Nililetewa mimi, kwa bakuli lake. Nikampa Maurice."

"Ukampa kwa mkono wako?"

"Kwa mkono wangu huu."

Koplo Mirumbe alimvuta Inspekta pembeni. "Afande, tajiri amekula kuku, mfanyakazi wake amekula kifo. Tunangoja nini?"

Walter aliwekwa mahabusu. Sokoni watu walikwisha kumhukumu. Alipopitishwa na pingu, mchuuzi mmoja wa dagaa alipaza sauti: "Jaduong', mzee wetu, huko ndani utafungua tawi lingine?" Watu wakacheka. Kosa la mauaji lilikuwa na adhabu moja tu, nayo ilikuwa kitanzi.

Daktari wa Homa Bay alipasua maiti, akatuma vielelezo kwa Mkemia wa Serikali, Nairobi. Majibu yalikuja baada ya mazishi. Sianidi, sumu yenye harufu ya muhogo mchungu. Ilikuwa tumboni mwa marehemu na kwenye kibakuli. Bakuli kubwa, sahani na ugali havikuwa na kitu.

Inspekta alimtoa Walter mahabusu, akampa chai.

"Kwenu firigisi huliwa na nani?"

"Na mwenye nyumba, bwana. Mwingine haigusi. Mke wangu hata akifa njaa ataiacha."

"Kwetu Ntimaru pia ni hivyo. Kwa nini hukuila?"

Walter aliinamisha kichwa. "Sina mtoto wa kiume. Hoteli zimekuwa nyingi, nimechoka. Nilitaka kila tawi lipewe mtu aliyelilea, nianze na Maurice. Nikasogeza bakuli mbele yake. Nikamwambia kwa sauti ya chini, 'Kula. Kuanzia leo mwenye nyumba hii ni wewe.' Sipendi kelele. Nilitaka asikie yeye kwanza."

"Uliwahi kumwambia mtu mwingine?"

"Fundi wa mabango tu. Nilikuja naye. Bango jipya liko garini, ndani ya gunia."

Bango lilikuwepo. Inspekta alilitazama kwa muda mrefu. Hakuna mpishi aliyeweza kujua kwamba siku hiyo firigisi ingebadili mkono. Aliyeitia sumu hakumkusudia Maurice.

Pamela, mhudumu wa meza, aliitwa kituoni.

"Firigisi ililetwa na nani?"

"Mama Rael, mke wa marehemu. Ndiye mpishi wetu. Kibakuli alikileta mwenyewe, akarudi kusimama kwa mlango wa jikoni."

"Halafu?"

"Mzee akasema kitu, sisi hatukusikia. Maurice akainua ile firigisi, akamwonyesha mke wake, akicheka. Mama akapiga kigelegele. Maurice akaitia mdomoni."

"Kigelegele?"

"Ndiyo. Kwa nguvu sana, mpaka sahani ya ugali ikamwanguka. Wateja wengine wakapiga makofi. Mara tukaona Maurice anashika koo."

"Pamela, umewahi kuona mtu akiangusha chakula kwa furaha?"

Machozi yakamlenga.

Walimkuta Rael katika jiko la hoteli iliyofungwa. Moto haukuwashwa. Alikuwa ameketi juu ya kigoda, kitambaa cha mumewe mapajani.

"Mama, pole," Inspekta alisema.

"Asante."

"Siku ile Nyangweso alisema nini, hata ukapiga kigelegele?"

"Sikusikia."

"Basi ulifurahia nini?"

Rael alikitazama kile kitambaa.

"Sianidi uliitoa wapi?"

Alionyesha rafu ya juu kwa kidevu. Kulikuwa na kopo lenye kutu. "Ya baba yangu. Alikuwa mpishi wa Pambazuka ya Macalder, watu wa mgodi wa dhahabu wa huko wakampa ya kuulia panya stoo." Sauti yake haikupanda wala kushuka. "Mgodi ulipopunguza watu, Nyangweso alifunga tawi. Alikuja na fundi, akala kuku wa baba, akala firigisi, akapangusa mdomo. Kisha fundi akang'oa bango. Baba alirudi kwetu kisiwani Takawiri, hakusema tena na mtu mpaka tukamzika."

"Na siku ile?"

"Nilichungulia dirishani nikaona gari. Nikaona fundi yuleyule anashuka na ngazi na koleo. Maurice hakuwa na kazi nyingine duniani, bwana. Alipenda hizi meza kama mtu apendavyo ng'ombe wake. Nikasema moyoni, huyu mzee safari hii hatapangusa mdomo."

Inspekta alimwashiria Koplo. Mirumbe alilileta gunia, akalifungua. Bango la buluu, maandishi meupe, rangi bado ikinuka.

"Sikusoma," Rael alisema. "Nisomee."

Inspekta alisita. Kisha akasoma: "Hoteli ya Pambazuka, Migori. Mwenyewe, Maurice Otula."

Rael alinyoosha mkono, akayagusa maandishi kwa ncha za vidole. Hakulia. Alikunja kile kitambaa vizuri, akakiweka juu ya kigoda.

"Nilipiga kelele aiteme," alisema. "Nilipiga kwa nguvu zangu zote."

"Najua, mama."

"Alinitazama huku anatafuna. Alikuwa anacheka." Alimnyooshea Koplo mikono yake miwili, tayari kwa pingu. "Alidhani ninashangilia."